Miao Tien, adui tuliyemjua sura bila jina

Kwa Mhariri,

Makala mliyoichapa hivi karibuni katika kurasa za burudani, kuhusu filamu za mapigano za Kichina na jinsi zilivyopendwa hapa Pwani, niliianza kwa furaha na kuimaliza kwa masikitiko. Mwandishi alijitahidi, na aliyoyasema kuhusu Bruce Lee na Jackie Chan sina la kuyapinga. Hata hivyo, aliziweka filamu zote za aina hiyo chini ya Hong Kong, kana kwamba Taiwan haikuwahi kumiliki kamera, na aliwataja masteringi peke yao, bila kumkumbuka hata mmoja katika wale ambao bila wao steringi asingekuwa na wa kumshinda. Naomba nafasi nimzungumzie mmoja wa hao waliosahauliwa. Anaitwa Miao Tien. Alizaliwa Uchina bara mwaka 1925, akafanyia kazi yake ya uigizaji Taiwan, akafariki mwaka 2005, na katika maisha hayo alipita njia ambayo binafsi simjui mwigizaji mwingine wa filamu za upanga aliyeipita mpaka mwisho wake kama yeye.

Sisi tuliokuwa tukijazana katika vibanda vya video vya Barani na Maweni hapa Malindi tulijua sura nyingi na majina machache sana. Kanda zilitufikia zikiwa zimenakiliwa mara nyingi, zimetiwa sauti za Kiingereza zisizolingana na midomo, na mwenye kibanda alizima televisheni mara tu steringi alipomaliza kazi yake, ili waliokuwa wakingoja nje waingie, kwa hiyo orodha ya majina hatukuiona kamwe. Kwetu walikuwapo steringi, demu wake na adui. Na kwa kuwa kila mtoto alijua kwamba steringi hafi, hamu yetu yote ilikuwa juu ya adui: ana ujanja gani, atatumia hila gani, atakufa vipi na atachukua muda gani kufa. Tulimtazama yeye kwa makini zaidi kuliko tulivyomtazama shujaa, ingawa tulipotoka nje tuliigiza mateke ya shujaa.

Filamu iliyomtambulisha Miao Tien ni Dragon Inn ya mwaka 1967. Mwongozaji wake, King Hu, alikuwa ametoka Hong Kong, ambako aliifanyia kampuni ya Shaw Brothers filamu ya Come Drink with Me mwaka 1966, kisha akahamia Taiwan na kuanza upya katika kampuni ya Union akiwa na kundi la waigizaji ambao wengi wao hawakuwa na majina makubwa. Kisa chake si kigumu kusimulia. Ni mwaka 1457, katika enzi ya wafalme wa Ming, na waziri mwadilifu ameuawa kwa fitina ya towashi mwenye nguvu ikuluni. Watoto wa marehemu wanapelekwa uhamishoni mpakani, na towashi anawatuma majasusi wake watangulie kwenye nyumba ya wageni iliyo nyikani, wawangoje watoto hao na kuwamaliza. Miao Tien ni mmoja wa wakuu wa majasusi hao. Hapigi kelele wala hatoi macho. Anakaa mezani kama mfanyabiashara aliyeshiba, anatabasamu, anamkaribisha mgeni kwa adabu zote, na kinywaji anachomkaribishia kina sumu. Mgeni mwenyewe ni steringi, Shih Chun, ambaye naye anajibu adabu kwa adabu huku akijua fika kinachoendelea. Sehemu kubwa ya filamu hiyo ni watu wanaopimana akili meza kwa meza, na panga zikichomolewa huchomolewa kwa muda mfupi, kisha wanarudi kwenye viti vyao na ukimya unaanza tena.

Hapo ndipo ilipo kazi ya mwigizaji ninayeizungumzia. King Hu aliipenda sana opera ya Beijing, maigizo ya jadi ya Kichina yanayoimbwa, na ngoma na matuazi ya opera hiyo ndiyo yanayoongoza mwendo wa watu wake kwenye filamu. Mwigizaji anayegeuza shingo mapema au akichelewa kidogo huiharibu picha nzima. Mtazameni Miao Tien anavyoangalia bakuli, kisha mlango, kisha mkono wa mgeni, kila tazamo likiwa na mahali pake katika mdundo, nanyi mtaelewa kwa nini hatari ya shujaa inaaminika. Ushujaa wa Shih Chun umejengwa na yeye. Dragon Inn ilivunja rekodi za mapato Taiwan, na kwa miaka mingi baadaye filamu za upanga ziliendelea kurudi kwenye nyumba ile ya wageni kwa namna moja au nyingine.

Niruhusiwe kutoka kando kidogo, kwa kuwa jambo hili linatugusa sisi wa Malindi moja kwa moja. Idara ya kijasusi inayoonyeshwa katika filamu hiyo, iliyosimamiwa na matowashi na kuogopwa na kila raia, ilikuwapo kweli; ilianzishwa na mfalme Yongle mwaka 1420. Ni mfalme huyohuyo aliyemtuma Zheng He, naye akiwa towashi, aongoze merikebu za Uchina katika Bahari ya Hindi, na ni katika ikulu yake alikofikishwa twiga wa Malindi mwaka 1415. Mwaka 2013 wanaakiolojia walitangaza kwamba wamepata kisiwani Manda, huko Lamu, sarafu iliyotengenezwa katika utawala wake. Kwa hiyo Miao Tien anapoingia katika nyumba ya wageni akiwa na amri ya serikali, anaigiza mtumishi wa dola ambayo watu wa pwani hii waliwahi kuipokea bandarini. Nimewaeleza hayo wanafunzi wangu wa sekondari, na wale waliokuwa wameegemea madawati walikaa wima.

Baada ya Dragon Inn alikuwapo pia katika A Touch of Zen, kazi kubwa ya King Hu ambayo Taiwan ilionyeshwa kwa sehemu mbili, mwaka 1970 na 1971, na ambayo ilipata tuzo ya ufundi katika tamasha la Cannes mwaka 1975. Humo yuko tena upande wa watesaji. Katika miaka ya 1970 alicheza filamu makumi kwa makumi za upanga na za kung fu, baadhi nzuri, nyingi za haraka haraka, zilizotengenezwa ili ziuzwe ng'ambo kwa wingi mpaka zikatufikia na sisi. Sitazieleza moja moja. Itoshe kusema kwamba alipofika umri wa miaka 60, watazamaji wa Taiwan walikuwa wamezichoka filamu hizo, kizazi kipya cha waongozaji kama Hou Hsiao-hsien na Edward Yang kilikuwa kimewageuzia macho kwenye maisha ya kila siku, na mzee huyu alikuwa na historia ambayo gazeti lolote lingeimaliza kwa sentensi moja: aliwahi kuwa adui katika filamu za mapigano.

Ndipo akaja Tsai Ming-liang. Kijana huyo wa wakati ule, mzaliwa wa Sarawak nchini Malaysia aliyehamia Taiwan, alitoa filamu yake ya kwanza ya kuonyeshwa sinema, Rebels of the Neon God, mwaka 1992, na kwa nafasi ya baba wa familia ya kawaida ya Taipei alimchagua Miao Tien. Baba huyo ni dereva wa teksi. Mwanawe ameacha masomo kwa siri na kurudishiwa ada, nayo siri hiyo inafichuka. Baba anakasirika kama baba yeyote angekasirika. Kisha, bila kuambiwa na mtu na bila kusema neno, anaurudishia mlango wa nyumba pasipo kuufunga, ukabaki wazi kidogo. Hakuna muziki wa kutuliza, hakuna machozi. Ni mkono ule uliozoea upanga ambao sasa unauachia mlango kwa upole, na mtazamaji anaelewa kwamba mtoto akirudi ataingia. Nimeirudia sehemu hiyo mbele ya watu mbalimbali hapa Malindi, wakiwamo wazee ambao hawana subira na filamu za kimya, na hakuna aliyeniuliza maana yake.

Tsai hakumwachia. Aliifuata familia hiyohiyo, kwa waigizaji walewale, Miao Tien akiwa baba, Lu Yi-ching akiwa mama na Lee Kang-sheng akiwa mwana, katika filamu nyingine zilizofuata. The River, iliyopata tuzo ya Dubu wa Fedha katika tamasha la Berlin mwaka 1997, ina maudhui mazito na siipendekezi kwa watoto wala kwa kuangaliwa sebuleni na familia. Nasema hivyo wazi ili asije mzazi akanilaumu. Lakini ndani yake mna mambo mawili ambayo mwanafunzi yeyote wa uigizaji angefaidika nayo. La kwanza ni chumba cha baba, kinachovuja maji kutoka nyumba ya juu: Miao Tien anakusanya maji, anapiga deki, kisha anatandaza plastiki na kuifunga ili maji yaelekee dirishani, akifanya kazi hiyo kwa utulivu wa mtu aliyezoea kutosikilizwa ndani ya nyumba yake mwenyewe. La pili ni pale mwana, aliyeshikwa na maumivu ya shingo yasiyopona, anapoendesha pikipiki huku baba yake ameketi nyuma na kumshikilia kichwa kwa mkono ili kisilale begani. Hawazungumzi. Magari yanapita. Nani angedhani kwamba adui wa nyumba ya wageni angeweza kuonyesha huruma kiasi hicho kwa kiganja kimoja?

Mwaka 2001 ikafuata What Time Is It There?, ambayo Tsai aliitabarukia kwa baba yake na kwa baba wa Lee Kang-sheng. Miao Tien anaonekana mwanzoni kwa dakika chache tu. Anaketi na chakula chake, anawasha sigara, anamwita mwanawe, hajibiwi, anainuka. Picha inayofuata, mwana yuko garini amepakata chombo chenye majivu ya baba yake, akimwambia kwamba sasa wanaingia kwenye handaki. Filamu nzima inaendelea bila yeye, mama akimngoja marehemu arudi, mpaka mwishoni kabisa, jijini Paris, ambako msichana mgeni amelala kando ya bwawa la bustani na sanduku lake linaelea majini. Anatokea Miao Tien, amevaa koti, analivuta sanduku kwa mpini wa mwavuli, analiweka pembeni, anawasha sigara na kwenda zake kuelekea gurudumu kubwa la pembea linalozunguka kwa mbali. Marehemu amepita, amefanya hisani, ameondoka. Ni mwigizaji mwenye heshima ya muda mrefu tu anayeweza kufanya jambo hilo bila watu kucheka, kwa sababu halielezi kwa uso wake. Anatembea tu, na mwendo wake unatosha.

Filamu ambayo ningependa kila mpenzi wa kareti wa zamani aione kabla hajafa ni Goodbye, Dragon Inn ya mwaka 2003. Ni usiku wa mwisho wa jumba la sinema la Fu-Ho, kando ya Taipei. Mvua inanyesha, paa linavuja, viti karibu vyote vitupu, na kwenye pazia inaonyeshwa Dragon Inn ileile ya mwaka 1967. Mkata tiketi, mwanamke mwenye mguu mbovu, anapanda na kushuka ngazi, na kamera inamngoja mpaka amalize. Maneno ni machache mno. Zaidi ya nusu ya saa inapita kabla mtu hajazungumza, ukiacha mazungumzo ya filamu iliyo kwenye pazia. Katika viti hivyo wameketi wazee wawili. Mmoja ni Shih Chun, anayejitazama akiwa kijana, na machozi yanamlengalenga. Mwingine ni Miao Tien, amekuja na mjukuu. Steringi na adui wake, baada ya miaka 36, wako ndani ya giza moja wakiangalia upanga wa ujana wao.

Filamu inapokwisha wanakutana nje ya ukumbi. Shih Chun anamwamkia mwenzake kwa kumwita mwalimu, na Miao Tien anashangaa kwa upole kumkuta amekuja kutazama. Anasema hajaingia sinema kwa muda mrefu. Shih Chun anajibu kwamba watu hawaendi tena sinema, na kwamba hakuna anayewakumbuka wao. Mazungumzo yanaishia karibu na hapo. Tsai angeweza kumpa mzee huyo hotuba ndefu ya kulalamikia dunia, naye Miao Tien angeiweza, lakini kilichochaguliwa ni adabu ya watu wawili wenye umri wanaoachana mlangoni wakati mvua inanyesha. Haikupita miaka miwili tangu filamu hiyo ionyeshwe katika tamasha la Venice, Miao Tien akafariki.

Naandika haya nikiwa mwalimu anayewaandaa vijana kwa ajili ya tamasha za drama za shule, na shida ninayoiona kila mwaka ni ileile. Tukigawa sehemu, kila mmoja anataka kuwa shujaa. Aliyepewa sehemu ya chifu mla rushwa, ya askari, ya mama mkwe au ya jirani mchochezi anajiona ameonewa, na huisema mistari yake kama mtu anayelipa deni. Wazazi nao wanakuja kuniuliza kwa nini mtoto wao amepewa sehemu mbaya. Siku nilipowaonyesha wanafunzi Miao Tien akiwa jasusi wa mwaka 1967, kisha nikawaonyesha yeye huyo na mlango wa mwaka 1992, kijana aliyekuwa akigoma kuwa mshitaki mwovu katika mchezo wetu aliomba aoneshwe tena ile meza ya nyumba ya wageni, na wiki iliyofuata alikuja na mshitaki anayetabasamu. Mchezo mzima ulibadilika, kwa sababu aliyekuwa mshitakiwa alilazimika kufikiri kabla ya kujibu.

Kurasa za burudani zina mchango katika hili, na ndiyo sababu barua hii nimeielekeza kwako. Gazeti likimwandika steringi peke yake kwa miaka nenda miaka rudi, msomaji anaamini kwamba uigizaji ni ushindi wa mtu mmoja. Hapa kwetu Kenya hali ni hiyohiyo. Marehemu Benson Wanjau aliyetuchekesha katika kipindi cha televisheni cha Vitimbi alijulikana kote kwa jina la Mzee Ojwang, na alipofariki mwaka 2015 magazeti yalimwandika kwa heshima, kama ilivyostahili. Lakini wale waliokuwa wakimjibu, waliokuwa wakigongewa mlango, waliokuwa mashahidi na makarani katika Vioja Mahakamani, wale waliosafiri na vikundi vya maigizo vya Pwani wakicheza kwenye kumbi za shule na viwanja vya mpira, ni wangapi waliohojiwa na kuandikwa wakiwa hai? Wapo wazee na kina mama huku Malindi, Lamu na Mombasa ambao sauti zao tuliziishi katika redio, na sasa wanapita sokoni bila mwandishi hata mmoja kuwauliza walianzaje.

Ombi langu ni kwamba makala ile ifuatiwe na nyingine itakayoipa Taiwan haki yake, itakayomtaja Miao Tien na wenzake, Shih Chun, Pai Ying, Hsu Feng na Shangkuan Ling-fung, na itakayomwambia msomaji kwamba Dragon Inn na A Touch of Zen zimekarabatiwa na kuonyeshwa upya Cannes mwaka 2014 na 2015, hivyo hana sababu ya kuzitazama katika zile nakala zilizofifia tulizozoea. Pamoja na hilo, naomba mfungue safu, hata kama ni ya mara moja kwa mwezi, ya waigizaji wa sehemu ndogo na za maadui katika michezo yetu ya jukwaani, redioni na kwenye televisheni, ikianza na wenye umri mkubwa zaidi. Mkihitaji mtu wa kuwaelekeza mwandishi wenu kwenye nyumba zao hapa Malindi, mimi nipo na nitafuatana naye, na baadhi yao nimekwisha kuzungumza nao wakakubali kuhojiwa.

Wako mwaminifu,
Mwalimu wa drama, Malindi